Suruali Inayozeeshwa Kabla ya Kuvaliwa

Mwenyekiti wa kikao, walimu wenzangu, wanafunzi wa ufumaji na ushonaji, nanyi wafanyabiashara wa nguo mliofunga shughuli mapema ili mje kunisikiliza: shikamooni wakubwa zangu, na wadogo nawasalimu. Nimepewa dakika 40. Mwenyekiti ananifahamu, ndiyo maana ameivua saa yake na kuiweka mbele yangu.

Mnaziona suruali mbili za jinzi hapo mezani. Ya kushoto imepauka mapajani, ina michirizi myeupe nyuma ya magoti, na goti moja limechanika hadi nyuzi zinaning'inia. Ya kulia ni buluu iliyokoza, inakaribia weusi, nayo ni ngumu kidogo kama turubai. Mlipokuwa mnaingia niliwauliza ipi ni kuukuu, na karibu ukumbi mzima ukaonyesha ya kushoto. Basi hiyo ya kushoto nimeinunua wiki iliyopita, lebo ya dukani bado imo. Ya kulia nina mwaka wa tatu nayo. Mengi ninayotaka kusema leo yamo ndani ya kosa hilo mlilolifanya, na msione aibu, kwa sababu kuna watu wengi na mashine nyingi zilizofanya kazi ili mlikosee.

Nianze na uzi. Chomoa uzi mmoja wa buluu kwenye jinzi, ukate, uutazame pale ulipokatika. Nje ni buluu, katikati ni mweupe kama pamba ilivyotoka shambani. Kitambaa hiki hufumwa kwa mtande, yaani nyuzi za urefu, uliotiwa nili, ile rangi ya buluu, na mshindio, yaani nyuzi za kukatiza, ulioachwa mweupe, ndiyo maana ukiigeuza suruali ndani nje unakuta weupe. Lakini hata huo mtande, nili haikuufikia moyoni. Imeukumbatia tu kwa nje.

Sababu ni tabia ya nili yenyewe, rangi yenye kiburi kuliko zote ninazozijua. Haiyeyuki katika maji. Mpiga rangi inabidi aivunje kiburi kwa kostiki soda na hidrosulfaiti ya sodiamu mpaka igeuke majimaji ya manjano yenye ukijani. Nyuzi zinachovywa humo, zinatolewa, zinapitishwa hewani. Hewa ikiigusa, nili inarudi buluu na kuganda pale pale juu ya uzi. Halafu zinachovywa tena, zinapepewa tena, mara sita, mara nane, tabaka juu ya tabaka. Kila ukikaa, ukipanda ngazi, ukiingiza mkono mfukoni, kitabaka kidogo kinabanduka na weupe wa ndani unachungulia. Kwa hiyo jinzi ikichuja haijaharibika. Inaandika ulivyoishi: mahali unapoweka funguo, namna unavyopiga magoti, mkono unaoutumia zaidi. Nguo nyingine zikipauka zinatia huzuni. Hii peke yake ndiyo watu waliipenda kwa kupauka kwake, na upendo huo ndio ulioleta balaa.

Maana mwanzoni hapakuwa na upendo wowote, palikuwa na kazi. Jina la kitambaa, denimu, linahusishwa na mji wa Nîmes nchini Ufaransa, na neno jinzi linatokana na Genoa, Italia. Suruali yenyewe ni ya Marekani. Huko Reno, Nevada, alikuwepo fundi cherehani aliyeitwa Jacob Davis, mhamiaji kutoka Riga. Mke wa mkata kuni mmoja alimwomba amshonee mumewe suruali isiyochanika, na Davis akachukua ribiti, yaani vijipini vya kubania, za shaba alizokuwa akizitumia kwenye mablanketi ya farasi, akazigongelea kwenye pembe za mifuko. Suruali zikapendwa. Ada ya hataza, yaani ya kusajili uvumbuzi wake, ikamshinda, akamwandikia mfanyabiashara aliyekuwa akimuuzia vitambaa huko San Francisco, Levi Strauss, washirikiane. Hataza ilitolewa tarehe 20 Mei 1873. Angalieni walichokisajili. Hawakusajili rangi wala mshono wala mtindo. Walisajili njia ya kuzuia mfuko usichanike.

Mke wa mkata kuni alilipa ili suruali isichanike. Mimi wiki iliyopita nimelipa ili ije imeshachanika.

Sasa twende kiwandani, kwenye kile kitengo ambacho mnunuzi hakioni kamwe. Suruali ikishashonwa huwa kama hii ya kulia. Kama mnunuzi anataka ya kushoto, inapelekwa kufuliwa, na neno kufua hapa lisikudanganye. Inatiwa kwenye pipa kubwa linalozunguka pamoja na mawe mepesi ya volkano, yale yale tunayosugulia visigino. Mawe yanaitwanga suruali, nayo yenyewe yanasagika kuwa tope linaloziba mabomba na kukwangua kuta za pipa. Siku hizi wengi hutumia vimeng'enya vinavyokula uso wa pamba, peke yake au pamoja na mawe machache. Michirizi ya mapajani, ile iliyotandazwa kama sharubu za paka, hukwanguliwa kwa msasa, mtu amesimama, suruali imevishwa kwenye mpira uliojazwa upepo, zamu nzima. Pale panapotakiwa weupe zaidi hupuliziwa permanganeti ya potasiamu, kemikali ya zambarau inayounguza rangi, na anayeipulizia anaivuta asipokuwa na kinga. Goti nalo linachanwa kwa kifaa cha kusagia. Kuna mtu duniani ambaye ajira yake ni kuchana magoti ya suruali mpya, na anapewa sampuli ili tundu la leo lifanane na la jana.

Njia mbaya kuliko zote ilikuwa ya kupuliza mchanga. Bomba la hewa yenye shinikizo linarusha mchanga juu ya kitambaa, rangi inang'oka kwa sekunde chache. Ni rahisi na ya haraka, na vifaa vyake si ghali. Nchini Uturuki kazi hii ilifanywa na vijana kwenye vyumba vidogo visivyo na hewa ya kutosha, na miaka ya 2000 madaktari wa huko wakaanza kupokea wagonjwa wa silikosisi. Ugonjwa huu madaktari waliujua kwa wachimba migodi na wachonga mawe: vumbi la silika linaingia mapafuni na kuyafanya yakakamae. Mchimba migodi kwa kawaida humpata baada ya miaka mingi ya kazi. Hawa walikuwa vijana wa umri wa miaka ishirini na kitu, wengine wameifanya kazi kwa miaka michache tu. Hauna tiba ya kuuondoa. Uturuki iliipiga marufuku njia hiyo mwaka 2009, na mwaka uliofuata kampuni kubwa kama Levi's, ile ya Levi Strauss, na H&M zikatangaza kuiacha. Lakini mashine haikufa, ilihama. Ilionekana tena kwenye viwanda vya nchi nyingine, Bangladesh ikiwemo. Hilo la kuhama nitalirudia, kwa sababu ndilo linaloniudhi kuliko yote.

Mtaniuliza habari ya maji. Kila mtu huuliza maji. Levi Strauss & Co. ilichapisha mwaka 2015 hesabu ya maji katika maisha ya suruali moja ya toleo lake la 501, tangu mbegu ya pamba hadi inapotupwa. Ilikuja lita 3,781. Asilimia 68 ni za shamba la pamba. Asilimia 23 ni za mvaaji, yaani wewe na beseni lako au mashine yako. Kiwanda kimebaki na kipande kidogo. Hesabu siibishii. Ila nimeona wenye viwanda wakiisoma kwa furaha ambayo haistahili, kwa sababu imehesabu lita zote kuwa sawa. Lita iliyonyonywa na mpamba ikarudi angani, na lita iliyotoka kwenye pipa ikiwa na nili, chumvi za salfa na kostiki soda ikaenda mtoni, kwenye jedwali ni lita moja na lita moja.

Shamba nalo si malaika. Tangu miaka ya 1960 Umoja wa Kisovyeti ulipoielekeza mito ya Amu Darya na Syr Darya kwenye mashamba ya pamba ya Asia ya Kati, Bahari ya Aral, iliyokuwa ziwa la nne kwa ukubwa duniani, ilikauka mpaka meli za mji wa bandari wa Moynaq zikabaki zimekaa juu ya mchanga, hakuna maji hata upeoni. Pamba ile haikuwa ya jinzi peke yake, nisiwadanganye. Lakini anayekwambia pamba ni kitu cha asili kwa hiyo haina deni, mwonyeshe picha ya meli hizo.

Kisa ninachokifikiria zaidi ni cha mji wa Tehuacán, katika jimbo la Puebla, Meksiko. Ni mji uliopata sifa kwa chemchemi za maji ya madini. Watu waliyajua maji yake kabla hawajamjua mtu wake yeyote. Mkataba wa biashara huria wa Amerika ya Kaskazini ulipoanza mwaka 1994, viwanda vya jinzi vikamiminika huko, maana soko la Marekani lilikuwa karibu na mishahara ilikuwa chini. Mji uliotoa maji ya kunywa ukaanza kutoa maji ya buluu. Yalitoka kwenye vitengo vya kufulia yakaingia kwenye mifereji, na mifereji ile ile ilikuwa ikimwagilia mashamba ya mahindi. Halafu, miaka ya mwanzoni mwa 2000, oda nyingi zikaondoka kwenda Asia na Amerika ya Kati kwa sababu huko palikuwa na bei ya chini zaidi. Maelfu ya kazi yakaenda nazo. Mji ukabaki na mifereji yake.

Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Mto haukuwemo kwenye daftari la mtu yeyote. Aliyeagiza suruali alilipa kwa kila suruali. Mwenye kiwanda aliyejenga mtambo wa kusafisha majitaka aliongeza senti kadhaa kwenye bei yake, na jirani yake asiyejenga hakuongeza. Oda ikaenda kwa jirani. Mnaweza kutunga sheria nzuri, mnaweza kuchapisha ahadi kwenye karatasi ya kung'aa, lakini mradi anayesafisha maji anashindwa zabuni na asiyesafisha, maji yatakuwa ya buluu.

Naona wafanyabiashara wameanza kuangalia simu, basi niwageukie wao.

Biashara ya jinzi ina sura ya uimara kwa sababu bidhaa yake ni imara. Ndani ni tete. Mwenye kiwanda hununua pamba au kitambaa kwanza, hulipa mishahara, hushona, hupakia, ndipo husubiri kulipwa, pengine miezi miwili au mitatu baada ya mzigo kuondoka. Bei ya pamba haimsubiri: mwanzoni mwa 2011 ilipita dola 2 kwa ratili, kiwango ambacho soko lilikuwa halijawahi kukiona, na aliyekuwa ameshaahidi bei ya suruali aliumia kimya kimya. Machi 2020, maduka ya Ulaya na Marekani yalipofungwa kwa ajili ya korona, wanunuzi walifuta au kusimamisha oda za nguo kutoka Bangladesh zenye thamani ya takriban dola bilioni 3, nyingine zikiwa zimeshakatwa na kushonwa. Jinzi iliyozeeshwa kwa mtindo wa msimu huu humpi mtu mwingine. Shati jeupe unaweza kulitafutia mnunuzi; suruali yenye matundu yaliyochorwa na mbunifu wa nembo fulani ni mzigo tu.

Na wenye nembo hawalali usingizi pia. Levi's iliuza bidhaa za zaidi ya dola bilioni 7 mwaka 1996. Kufikia 2003 ilikuwa kama bilioni 4. Vijana walitaka suruali pana, yenyewe ikawa inauza walizovaa baba zao. Katika kipindi hicho ndipo ilipofunga viwanda vyake vya mwisho vya ushonaji nchini Marekani. Baadaye ilijikusanya upya, na iliporudi kwenye soko la hisa la New York mwezi Machi 2019, madalali waliruhusiwa siku hiyo kuingia ukumbini na jinzi. Wengine hawakupata bahati hiyo. Suruali za mazoezi, zile laini za kubana, ziliingia mpaka maofisini. Kampuni ya jinzi ya True Religion ikakimbilia mahakama ya ufilisi mwaka 2017 na tena 2020, na mwenzake Lucky Brand ikafuata mwaka huo huo wa 2020. Kiwanda cha kufuma denimu cha White Oak huko Greensboro, North Carolina, kilichoanza kazi mwaka 1905, kilizimwa mwisho wa 2017.

Ongeza siasa. Lesotho, nchi ndogo ambayo viwanda vyake vya nguo hushona jinzi nyingi za kuuzwa Marekani, ilitangaziwa ushuru wa asilimia 50 tarehe 2 Aprili 2025. Baadaye ulishushwa hadi 15, lakini mnunuzi akishashtuka oda hazingoji maelezo. Kuna pia swali la pamba imetoka wapi. Xinjiang ndiko inakolimwa sehemu kubwa sana ya pamba ya China, na sheria ya Marekani iliyoanza kutekelezwa Juni 2022 inazuia bidhaa za huko isipokuwa mwingizaji athibitishe kwamba hazikutengenezwa kwa kazi ya kulazimishwa. Sasa mtu anayeshona mifuko lazima ajue shamba. Wengi hawakuwa na habari hata ya kiwanda kilichosokota uzi.

Kuna jambo moja linalonipa moyo, na ni jambo la kibiashara kabla halijawa la mazingira. Ni leza. Mwanga wa leza huunguza tabaka la juu la nili na kuchora sharubu, mipauko, hata mfano wa kiraka, bila msasa na bila permanganeti. Gesi ya ozoni nayo inaweza kupausha kwa maji kidogo sana. Mwaka 2018 Levi's ilieleza kwamba kazi iliyokuwa ikifanywa kwa mkono, suruali mbili au tatu kwa saa, leza inaimaliza kwa sekunde 90 kwa suruali moja. Mwenye biashara mwenye akili anaona zaidi ya sekunde hizo. Anaweza kuweka ghalani suruali za buluu iliyokoza, zisizo na mtindo wowote, akazichora pale oda inapoingia. Hana haja tena ya kubashiri miezi mingi kabla kwamba vijana watataka tundu goti la kushoto. Mali isiyouzika inapungua. Nitakuwa mnafiki nisiposema upande wa pili: aliyekuwa akishika msasa amekosa kazi, na sijaona popote alipowekwa kwenye mpango.

Kwenye urejelezaji nina matumaini madogo zaidi. Jinzi ya zamani ilikuwa pamba tupu. Za leo nyingi zina nyuzi za elasteni ndani ili zivutike, na asilimia 2 tu ya nyuzi hizo inaleta usumbufu kwa anayetaka kuzisaga zirudi kuwa pamba. Hata pamba tupu ikisagwa inatoa nyuzi fupi, dhaifu, lazima zichanganywe na mpya. Ile kampuni ya Sweden, Renewcell, iliyojenga kiwanda kikubwa huko Sundsvall cha kugeuza nguo kuukuu za pamba kuwa rojo la kutengenezea nyuzi, iliomba kufilisiwa Februari 2024. Kila mtu aliisifu. Oda hazikufika kwa wingi uliohitajika. Mwaka 2019 wakfu wa Ellen MacArthur ulitoa mwongozo wa kutengeneza jinzi upya: ihimili mafuo 30 ya nyumbani, nyuzi zake ziwe za asili ya mimea kwa sehemu karibu yote, na ribiti ziondolewe au zipunguzwe kabisa, kwa sababu chuma hicho kinasumbua kwenye kusaga. Maskini Davis. Kitu kilichofanya suruali idumu ndicho kinachoizuia isizaliwe mara ya pili.

Nimebakiza dakika tano, mwenyekiti, usinyanyuke.

Mimi naamini kipimo kimoja kingebadilisha mengi: mnunuzi mkubwa aandike kwenye mkataba gharama ya kusafisha maji kama mstari wake peke yake, nje ya bei ya ushonaji, ili isiweze kushindaniwa. Ushonaji na ushindanishwe, kasi na ishindanishwe. Maji yasiwemo kwenye mnada. Wanunuzi niliowahi kuwaambia hivi hujibu kwamba mteja hatakubali bei kupanda. Huyo mteja tayari analipia mawe, msasa, kemikali, mpuliziaji na mchanaji wa magoti. Punguza uzee kwenye suruali, hela ya maji itapatikana humo humo.

Kwetu sisi tunaovaa, kuna hiyo asilimia 23. Kila ukifua jinzi, nyuzinyuzi zinaondoka. Watafiti wa Chuo Kikuu cha Toronto walihesabu mwaka 2020 kwamba suruali moja inaweza kuachia takriban 56,000 kwa fuo moja, na nyuzinyuzi zenye nili walizikuta hata kwenye tope la chini ya bahari ya Aktiki. Mwaka 2014 mkuu wa Levi's wa wakati huo, Chip Bergh, alisimama jukwaani akasema jinzi aliyovaa haijaona mashine ya kufulia kwa mwaka mzima. Na huko Kanada, mwanafunzi mmoja wa Chuo Kikuu cha Alberta alivaa jinzi moja miezi 15 bila kuifua, wakapima bakteria, kisha akaifua, akaivaa siku 13, wakapima tena. Idadi zilikaribiana. Hii ya kulia huwa naifua mara mbili kwa mwaka, kwa maji baridi, imegeuzwa ndani nje, halafu naianika kivulini. Doa nalifuta kwa kitambaa.

Basi njooni mezani mzishike zote mbili. Nimeacha mkasi hapo kwa anayetaka kuutazama moyo wa uzi, akate kwenye hiyo ya kushoto, tayari ina matundu. Kisha tuanze maswali. Naanza na yule dada wa safu ya nyuma, maana tangu niliposema mara mbili kwa mwaka mkono wake haujashuka.